Mtani wa Mheshimiwa

Mimi ni dobi. Nalisema mapema ili mtu asije akadhani nilikuwa nani huko Ikulu ya Lusaka. Kwa miaka kumi na tisa nimefua na kupiga pasi nguo za marais watatu, na nakuhakikishia shati la rais linachafuka kolani sawasawa na la mume wangu. Lakini kulijua hilo hakukunipunguzia woga hata chembe. Asubuhi bendera inapopandishwa, tausi wanalia kule bustanini, na mimi nimebeba mikononi shati jeupe ambalo baada ya saa moja nchi nzima italiona, nilikuwa natembea kama niliyebeba mayai. Nilitembea hivyo siku ya kwanza, na mwaka wa kumi na tisa nilikuwa bado natembea hivyo.

Mheshimiwa Ng'andwe akipita ukumbini, mtumishi husimama ukutani, macho chini, mdomo umefungwa mpaka aulizwe. Katika miaka minne ya utawala wake nilikuwa nimemwambia neno moja tu, "Ndiyo, Mheshimiwa," na nilikuwa nimelisema mara sita. Nilikuwa nahesabu. Siku moja aliingia mwenyewe katika chumba cha kufulia kutafuta kalamu aliyoisahau mfukoni. Nilipigwa na bumbuwazi hata nikaisahau pasi juu ya nguo, na alipotoka, mkono wa shati lake ulikuwa na alama ya hudhurungi. Nililia. Hamoonga, mpishi mkuu, alicheka mpaka akakaa chini.

"Mama Dalitso, wewe ni hatari! Ukimwona rais unamchoma mkono!"

"Cheka tu. Wewe mbona juzi ulimwagia mchuzi kitambaa cha meza?"

"Mimi nilimwagia meza. Meza haina walinzi."

Mtu mmoja tu aliishi mle ndani bila woga, naye alikuwa mama yake Mheshimiwa. Rais wetu alikuwa mgane, wanawe wote wako ng'ambo, basi akamtoa mama yake kwao Kasama akamweka katika nyumba ndogo nyuma ya bustani. Bibi Chilekwa alikuja na fimbo, mguu mmoja mbovu, na mfuko wa viwavi waliokaushwa, maana alisema hakuamini kwamba Lusaka kuna chakula. Siku ya pili akaingia kwangu na vitenge vyake begani. Hakutaka vishikwe na mtu asiyemjua.

"Wewe wa wapi?"

"Chipata, Bibi."

"Chipata pana watu wengi. Kabila gani?"

"Mngoni, Bibi."

Akaiachia fimbo ikaanguka, akapiga makofi. "Lo! Mngoni! Mwanangu ameniweka nyumba moja na mla panya! Ficheni vyakula, ficheni na paka, watu hawa hawana simile!"

Nyinyi mnaujua utani, sina haja ya kuwafundisha. Babu zetu Wangoni na babu zao Wabemba walipigana wee, walipochoka wakaona heri watukanane. Mtani hakasiriki, akikasirika anatozwa kuku. Na siku ya msiba mtani ndiye mwenye kazi. Yeye huchimba kaburi, yeye hupika, yeye humwigiza marehemu na kuwasimanga wafiwa mpaka walie na wacheke kwa pamoja. Msiba usio na mtani kwetu tunauita msiba mkavu.

Nilitazama mlangoni kwanza. Halafu ulimi ukanitoka wenyewe. "Panya ana haya, Bibi, anajificha shimoni. Nyinyi Wabemba mnakula nyani, tena mnamla huku anawatazama machoni kama mjomba wenu."

Bibi alicheka mpaka akakohoa, nikampa maji. Tangu siku hiyo kila asubuhi alikuja kukaa kwenye kapu la mataulo, mimi napiga pasi, yeye anawatukana Wangoni. Nilimpenda. Nasema wazi, nilimpenda kuliko nilivyompenda mama mkwe wangu mwenyewe, Mungu anisamehe.

Aliyetusikia ni Bwana Mubita. Huyu alikuwa Mnikulu wetu, yaani ndiye aliyeshika funguo na adabu za nyumba nzima. Kabila lake Mlozi, mtu nadhifu, mpole wa sauti, hatembei haraka wala hacheki. Hakuwa mtu mbaya. Mume wangu alipolazwa kwa kisukari, Bwana Mubita ndiye aliyetuma gari. Lakini adabu kwake ilikuwa dini. Aliniita ofisini akanisimamisha mbele ya meza, akanitaja kwa jina la ukoo kama kawaida yake.

"Mama Nzima, umemwita mama yake Rais mla nyani."

"Yeye ndiye aliyeanza, bwana. Ni watani wetu."

"Hapa hakuna watani. Hapa pana Kiti, na Kiti hakina kabila. Ukimtania mama leo, kesho utamtania mwana, na kesho kutwa magazeti yataandika kwamba Ikulu ni kilabu cha pombe." Akanisogezea bahasha. "Hii ni barua ya onyo. Ya pili itakuwa ya kuondoka. Unanielewa?"

Nilimwelewa. Nilikuwa nimebakiza miaka miwili nistaafu kwa heshima. Mume wangu alikuwa hawezi tena kufanya kazi, na nyumba tuliyolala ilikuwa nyumba ya watumishi. Ukifukuzwa, unatoka siku hiyohiyo. Tena, nisidanganye, moyoni nilimuunga mkono. Bibi Chilekwa alikuwa Mbemba, hilo halina ubishi. Lakini yule mtu wa kwenye bendera na kwenye noti, ambaye akikohoa walinzi wanageuka, mimi ningemwita mtani wangu kwa kinywa gani? Tukaendelea mimi na Bibi kutukanana kwa kunong'ona, mlango umefungwa.

Bibi Chilekwa alifariki Jumanne alfajiri, usingizini. Mheshimiwa alikuwa ziarani mjini Livingstone, akarudi kwa ndege. Alishuka garini akavuka bustani kwa miguu, peke yake, akaingia katika ile nyumba ndogo, na hakutoka tena.

Msiba ule ulipangwa na Bwana Mubita, na ulipangwa vizuri mno. Nilipiga pasi vitambaa vyeupe vya viti arubaini na viwili. Jumatano jeneza likaletwa, likawekwa sebuleni kwa Bibi, juu ya meza yenye zulia jekundu. Mabalozi walikuja kusaini kitabu. Muziki wa kanisa ulipigwa kwa redio, taratibu, usije ukamuudhi mtu. Wanawake wa ukoo waliotoka Kasama waliwekwa katika nyumba ya wageni na kupewa chai kwenye vikombe vya dhahabu. Aliyeanza kulia aliletewa maji na kuombwa astahimili. Mimi nilipita pale na mashuka, nikawaona wamekaa kwenye sofa, miguu pamoja, mikono mapajani, wanatazamana. Watu ambao kwao wangekuwa chini sakafuni wanagaagaa! Nikasikia baridi.

Ndege ya jeshi ilikuwa iondoke Alhamisi saa sita mchana kumpeleka Bibi kuzikwa kwao. Saa tatu asubuhi askari wanane waliingia kubeba jeneza. Mheshimiwa alikuwa amekaa kando yake. Hakuwatazama. Aliinua kidole kimoja, na wale askari wakasimama, wakarudi nyuma, wakatoka. Akaingia waziri. Kidole. Akaingia askofu. Kidole. Niliyaona haya kwa macho yangu kutoka dirisha la ubavuni, nikiwa na mashuka mkononi. Wanaume wazima, wengine wana nyota mabegani, wengine wana misalaba vifuani, wote wamezuiwa na kidole cha mtu asiyewaangalia. Nilisema moyoni, kumbe serikali ndiyo hii.

Lakini daktari alikuwa nje, koti mkononi, anamwambia Bwana Mubita kwa sauti ya chini, nami nikasikia. Mheshimiwa hajala tangu Jumanne. Maji ameonja tu. Hajalala, halii, hasemi. Presha yake inapanda. "Akiendelea hivi mpaka jioni," daktari alisema, "utapanga misiba miwili."

Niliporudi chumbani kwangu, Hamoonga alikuwa ameketi kwenye kapu, sinia magotini, na nshima, ugali wetu, juu yake imeota ngozi.

"Imerudi tena," akasema. "Mara ya tano. Nimempikia viwavi wa mama yake mwenyewe, hawakufunuliwa hata kawa."

"Atakula akitulia."

"Atatulia akizikwa. Mama Dalitso, wamealikwa mabalozi, wamealikwa maaskofu, mtani hakualikwa."

"Nyamaza, Hamoonga."

"Ningekuwa nafaa ningeenda mimi. Mtonga kwa Mbemba hana kazi. Sisi watani wetu ni Walozi. Siku Mubita akifiwa mtanitafuta. Huyu ni wako."

"Nina barua ya onyo. Unaijua."

"Ala! Babu zako walitembea kutoka kusini huko na mikuki, wanavuka mito yenye mamba, leo mjukuu anaogopa karatasi?"

"Karatasi hiyo ndiyo nyumba yangu. Baba Dalitso nitamlaza wapi, kwenye mkuki? Halafu yule si mtu wa kutaniwa. Kiti hakina kabila."

Hamoonga akainuka na sinia lake. "Kiti hakina mama pia," akasema. "Aliyefiwa ni mtu." Akaenda zake jikoni.

Sikupata muda wa kumjibu. Bwana Mubita alikuwa mlangoni. Macho yake yalikuwa mekundu kwa kukesha, na kwa mara ya kwanza nilimwona tai imekaa upande.

"Mama Nzima, ile suti nyeusi ya Mheshimiwa iko tayari? Ipeleke. Labda akiiona ataelewa kwamba saa imefika. Iweke kitini, utoke. Usiseme neno." Akaishika tai yake, akainyoosha. "Nakuomba."

Nilivuka bustani na ile suti nimeinyoosha juu ya mikono miwili. Mawaziri walinipisha. Nilijiona mdogo kama kifungo. Mlinzi akanifungulia mlango, nikaingia, naye akaufunga nyuma yangu.

Kitu cha kwanza nilichokiona ni shati. Lilikuwa shati la Jumanne, lile la rangi ya maziwa nililolinyoosha Jumatatu kwa mikono yangu. Lilikuwa limekunjamana lote, limeshikana mgongoni, kola imekuwa nyeusi. Kisha nikamwona Bibi Chilekwa, jeneza likiwa wazi. Walikuwa wamemvisha gauni la lesi na glovu nyeupe mpaka kwenye viwiko. Bibi yangu aliyekuwa akivunja karanga kwa meno! Sijui nani alinunua glovu zile, na sitaki kumjua.

Nikaweka suti kitini. Mheshimiwa hakunitazama. Kidole kikaanza kuinuka.

Niliogopa. Sijapata kuogopa vile, hata siku ya kujifungua Dalitso. Nilimwona mume wangu amekaa juu ya masanduku nje ya geti. Niliona barua. Miguu yangu ikageuka kwenda mlangoni, na kando ya mlango palikuwa na kulabu, na kwenye kulabu kilining'inia kitenge cha Bibi cha kila siku, na fimbo yake. Hakuna mtu aliyekuwa amekigusa. Nikasema, Mungu wangu, huyu mwanamke anaondoka, na hakuna hata mtu mmoja aliyemtaja jina.

Nikakivaa kitenge juu ya sare yangu ya Ikulu. Nikashika fimbo. Nikapinda mgongo, nikaanza kuchechemea kuvuka zulia.

"Eeee! Nani kanivisha soksi za mikononi?" nilisema, kwa ile sauti yake ya kutokea puani. "Mimi Chilekwa! Nitachambuaje viwavi huko niendako? Huko nako watu wanakula! Vueni! Au mnadhani nakwenda kuwa nesi?"

Kidole kilisimama hewani. Mimi nilikuwa nimekwisha ruka, na aliyeruka harudi katikati ya hewa. Nikamwendea mpaka mbele yake, nikamgonga goti kwa fimbo.

"Na huyu aliyekaa hapa kama gunia la mihogo ni nani? Bwembya! Wewe mwanangu Bwembya, nakuita! Huli? Unataka ukonde ufanane na Wangoni? Siku tatu hujaoga, mwanamume mzima, rais wa wapi huyo? Kijijini mbuzi wakikunusa wanahama!"

Mlango ulifunguka. Bwana Mubita alikuwa pale, na askari wawili nyuma yake. "Mama Nzima!" alisema, na sauti yake ilipasuka.

Sikuweza kuacha. Nilimgeukia na yeye. "Wabemba bwana! Wakiwa hai hawanyamazi, wakifiwa wanakuwa mabubu. Mama kafa, hata mbwa hajabweka! Siku nyani wao wa Pasaka alipotoroka sufuriani walilia mpaka Chipata tukasikia, tukafikiri ni vita!"

Kisha maneno yakaniishia. Muziki wa redio ukaendelea na vinanda vyake. Askari mmoja alipiga hatua. Mheshimiwa aliinua kichwa. Macho yake yalinitazama, na sikuwa nimewahi kutazamwa na macho yale. Kile kidole kikanigeukia mimi.

"Mngoni," alisema. Sauti ilikuwa kavu, imekaa siku tatu bila kutumiwa. "Hujui kuchechemea."

Yule askari akarudisha mguu nyuma.

"Mguu wake mbovu ulikuwa wa kushoto. Wewe umechechemea wa kulia." Akashika ukingo wa meza, akainuka. Aliyumba, askari akataka kumdaka, akamkataza. "Na fimbo hakuishika hivyo. Lete."

Nikampa. Akaipokea, akapinda mgongo wake mrefu, akatupa nyonga upande, akatembea. Hatua ya kwanza, ya pili, ya tatu. Haki ya Mungu, nilimwona Bibi Chilekwa akivuka zulia. Nilimwona akienda kwenye kapu lake la mataulo. Mkuu wa Nchi, Amiri Jeshi, katika shati chafu, anatembea kama kikongwe wa Kasama, mbele ya dobi na Mnikulu na askari wawili wenye bunduki. Alifika dirishani, akageuka, akaelekeza fimbo kwenye kile kiti alichokuwa amekalia, akakisemesha kwa sauti ya mama yake.

"Bwembya," alisema. "Bwembya, baba, njoo ule..."

Hakuimaliza. Fimbo ilianguka. Alipiga magoti akalikumbatia jeneza, na kilio kilichomtoka sitakisahau mpaka nami nibebwe. Kilitoka tumboni. Wanawake katika nyumba ya wageni walikisikia, na hapo ndipo msiba ulipofunguka. Walikuja mbio wakivuka bustani, viatu wameviacha, vilemba vimefunguka, wanapiga mayowe ya msiba, na tausi wa serikali wakakimbilia uani kwa majirani. Mawaziri wakawapisha. Askofu alikuwa analia. Daktari alikuwa analia. Mimi nilikuwa nimekaa chini na kitenge cha marehemu, nalia kama niliyefiwa, maana nilikuwa nimefiwa.

Hamoonga alileta sinia la sita. Mheshimiwa alikula akiwa ameketi sakafuni, katikati ya shangazi zake, kwa mkono wake. Mimi ndiye niliyemnawisha, nimepiga magoti. Sikutaka kunyamaza, kwa sababu mtani akinyamaza mapema kilio kinarudi kukauka.

"Taratibu, Mbemba," nikamwambia. "Hiyo ni mifupa ya kuku. Ya nyani ndiyo mnayotafuna mizima mizima."

Akacheka, mdomo umejaa, machozi yanatiririka kwenye nshima. Watu wakidhani kwamba pale nilimzoea, wamekosea. Miaka minne nilimwogopa kwa sababu ya ukubwa wake. Siku ile, nilipomwona chini kabisa na bado watu wote wakimzunguka kwa heshima ileile, tena zaidi, nililigongesha birika kwenye beseni. Nikajua kwamba nimemwona rais kwa mara ya kwanza.

Aliamuru glovu zivuliwe. Kisha akauliza, "Wangoni wangapi humu ndani?" Tukatafutwa. Mtunza bustani, madereva wawili, mlinzi wa geti la nyuma, fundi bomba na mimi. Wale askari wanane wakaambiwa wapumzike. Tulilibeba jeneza sisi, na kwenye ngazi dereva mmoja alijilaza chini akasema haliondoki mpaka Wabemba watoe kuku, na Mkuu wa Nchi akapapasa mifuko akasema hana kuku. Hamoonga alikimbia jikoni akaleta wa friji. Dereva akamkataa, anataka anayewika. Ndege iliondoka saa saba na nusu, na hakuna aliyeuliza kwa nini imechelewa.

Mheshimiwa alibaki Kasama wiki nzima. Mimi nikabaki na Bwana Mubita.

Ijumaa hakuja. Jumamosi hakuja. Nilianza kufunga vyombo vyangu, sahani nikizizungushia magazeti, na mume wangu akinitazama kitandani bila kuuliza. Jumatatu asubuhi Mnikulu aliingia chumba cha kufulia, bahasha mkononi. Hamoonga alikuwa pale kuchukua aproni zake, akataka kutoka. Bwana Mubita akamwambia abaki.

"Mama Nzima, ulimwita Mkuu wa Nchi kwa jina lake la utotoni, mbele ya askari."

"Ndiyo, bwana."

"Ukamgonga kwa fimbo."

"Ndiyo, bwana. Gotini."

"Na ulikuwa na barua moja tayari."

"Ndiyo, bwana."

Aliweka bahasha juu ya meza ya pasi. Kisha akafanya jambo ambalo hakuwahi kulifanya. Alikaa, kwenye kapu la mataulo machafu, na suti yake yote. "Hii ndiyo ya pili. Fungua."

Nikaifungua. Karatasi ilikuwa na nembo ya taifa, tarehe, na jina langu, Esnart Nzima. Chini ya hapo hapakuwa na kitu.

"Nimeiandika mara nne," alisema. "Nikifika hapo mkono unakataa. Ichukue, uichome, ufanye upendavyo. Kazi yako ipo."

Nilitaka kumshukuru, lakini hakuwa amemaliza. Alikuwa anayatazama mataulo.

"Mama yangu alikufa kwetu Mongu, miaka kumi na moja sasa. Hapa palikuwa na wageni wa kutoka nje. Nilikwenda siku ya mazishi tu. Nilipanga magari, nikawashukuru watu kwa kufika, nikarudi jioni ileile. Walikuja watani, Watonga, wazee wanne. Walikuwa wamesafiri kwa basi siku mbili. Mmoja wao akaanza kumwigiza mama anavyosonga nshima." Akavuta taulo moja, akalikunja. "Nikamwambia akae kitini na anyamaze. Akakaa. Wote wakakaa. Sijalia mpaka leo, Mama Nzima. Si kwamba sitaki."

Nilizima pasi. Nje mtunza bustani alikuwa anafagia, nikafunga dirisha.

"Hamoonga," alisema Bwana Mubita, bado hamtazami. "Wewe ni Mtonga."

"Mimi na ukoo wangu wote, bwana."

"Sijui kama miaka kumi na moja ni mingi mno."

Hamoonga alinitazama. Woga uliokuwa usoni mwake niliujua. Aliziweka aproni mezani. Akavua kofia yake ya upishi, akakaa sakafuni mbele ya Mnikulu, magoti yao yakagusana.

"Wewe Mlozi, mwizi wa ng'ombe wetu," alimwambia, polepole. "Mama aliyemzaa mwizi huyu aliitwa nani?"

"Inonge," alisema Bwana Mubita. Akalirudia jina, na mara ya pili halikufika mwisho.